Jenerali George Thomas Hakuwa Mtu wa Kuchelewa

Mwanzoni mwa Desemba 1864, katika Vita vya Wenyewe kwa Wenyewe vya Marekani, telegramu zilikuwa zikimiminika mjini Nashville, jimboni Tennessee, kutoka City Point, Virginia, yalikokuwa makao makuu ya Jenerali Ulysses Grant, mkuu wa majeshi ya Kaskazini. Zote zilimtaka George Henry Thomas, jenerali wa Kaskazini aliyeushikilia mji huo, alishambulie jeshi la Kusini lililopiga kambi katika vilima vilivyoukabili mji huo, na alishambulie mara moja. Kila mara Thomas alijibu kwa adabu kwamba angeshambulia atakapokuwa tayari, akaeleza ni jambo gani lililokuwa bado, kisha akaendelea na kazi yake. Grant aliandika amri ya kumwondoa, akaisitisha, akamtuma jenerali mwingine aende kushika nafasi yake, na mwishowe akafunga safari yeye mwenyewe. Kabla yeyote kati yao hajafika, Thomas alikuwa amekwisha kulishambulia jeshi lile na kulivunja kabisa. Hata hivyo, sifa iliyomwandama tangu siku zile ni kwamba alikuwa mtu mwema na hodari wa kujihami, lakini mzito wa kuanza. Naiona hukumu hiyo kuwa si ya haki. Mtu akiifuata kazi ya Thomas tangu ujana wake ataona kwamba ilitolewa na watu waliokuwa mbali naye, na kwamba imedumu muda mrefu kwa sababu mwenyewe hakupenda kujitetea.

Thomas alizaliwa tarehe 31 Julai 1816 katika kaunti ya Southampton, Virginia, katika familia ya wakulima waliomiliki watumwa. Agosti 1831, Nat Turner alipowaongoza watumwa wenzake katika uasi ulioua Wazungu zaidi ya 50 wa kaunti hiyo hiyo, Thomas alikuwa kijana wa miaka 15 aliyekwisha kufiwa na baba, naye alilazimika kukimbia pamoja na mama yake na dada zake. Nalitaja tukio hili mapema kwa sababu halimpambi mtu. Kijana aliyelelewa katika nyumba kama ile, akapitia hofu kama ile, hakuwa na sababu yoyote ya wazi ya kusimama upande aliokuja kuusimamia, na yeye mwenyewe, alipokuwa ofisa, aliwahi kummiliki mwanamke mtumwa. Wanaomwandika kana kwamba alizaliwa mpinga utumwa wanamnyang'anya safari ndefu aliyoisafiri.

Aliingia chuo cha kijeshi cha West Point mwaka 1836, akalala chumba kimoja na William Tecumseh Sherman, aliyekuja kuwa jenerali mwenzake wa Kaskazini, akahitimu mwaka 1840 akiwa wa 12 kati ya wanafunzi 42. Alipangwa katika kikosi cha mizinga, akapigana dhidi ya Waseminole, wenyeji wa asili wa Florida, kisha huko Mexico katika mapambano ya Monterrey mwaka 1846 na Buena Vista mwaka 1847. Kwa maoni yangu, huu utumishi wa mizinga ndio ufunguo wa mambo yote yaliyofuata. Askari wa miguu anaweza kuambiwa aende, naye akaenda na bunduki yake begani. Mzinga usio na farasi wa kuuvuta, usio na baruti na usio na barabara inayoweza kuubeba, ni chuma kilicholala matopeni. Ofisa aliyekulia katika kazi hiyo hujifunza kuhesabu kwato, magurudumu na masanduku ya risasi kabla ya kuahidi lolote, na Thomas hakuacha kuhesabu hadi mwisho wa maisha yake.

Kuanzia mwaka 1851 hadi 1854 alirudi West Point kufundisha upigaji mizinga na upandaji farasi, na kwa sehemu kubwa ya muda huo mkuu wa chuo alikuwa Robert E. Lee, aliyekuja kuwa jenerali mashuhuri wa Kusini. Miongoni mwa wanafunzi wa miaka hiyo walikuwamo John Bell Hood, John Schofield na Philip Sheridan, ambao wote watatu tutakutana nao tena. Inasimuliwa kwamba farasi wa chuo walikuwa wazee, na mwalimu huyo aliwazuia vijana wasiwakimbize, ndipo wakambandika jina la utani la kumdhihaki kwa mwendo wake wa polepole. Jina la darasani lilimfuata hadi vitani, na ni rahisi kuona jinsi wakubwa waliolisikia wakiwa vijana walivyoendelea kumtazama kupitia jina hilo.

Kisha ukaja mwaka 1861, majimbo ya Kusini yakawa yanajitenga na Muungano wa Marekani, na vita vikaanza. Thomas alikuwa meja katika kikosi cha pili cha wapanda farasi, kikosi ambacho karibu maofisa wake wote wakubwa walikuwa watu wa Kusini: Albert Sidney Johnston, Lee, William Hardee. Mmoja baada ya mwingine walijiuzulu na kwenda kulitumikia Shirikisho la Kusini, serikali ya majimbo yaliyojitenga. Lee alisema hakupenda Muungano uvunjike, lakini Virginia ilipojitenga mwezi Aprili, damu ikawa nzito kuliko maji, naye akaenda. Thomas alikuwa amepelekewa na gavana wa Virginia ombi la kuwa mkuu wa zana za kivita wa jimbo, akalikataa. Aliona kwamba kiapo alichokula mbele ya taifa hakikuwa na mwisho uliowekwa na jimbo lake, akakirudia mbele ya wenzake. Dada zake hawakumsamehe. Walimhesabu kuwa amekufa, na baada ya vita hawakutaka hata msaada wake.

Gharama nyingine ya uamuzi ule hutajwa mara chache, nami naona ndiyo iliyoamua mwenendo mzima wa kazi yake. Katika jeshi la Kaskazini vyeo vya majenerali vilipitia mikononi mwa wanasiasa. Grant alikuwa na mbunge Elihu Washburne wa Illinois aliyemtetea Washington. Sherman alikuwa na ndugu yake wa damu, John Sherman, katika Baraza la Seneti. Thomas, mtu wa jimbo lililoasi, hakuwa na mbunge hata mmoja wa kumsemea, na katika miezi ya mwanzo wapo waliomshuku waziwazi kuwa angesaliti. Alipewa cheo cha brigedia jenerali Agosti 1861 baada ya watu wachache waliomfahamu, Sherman akiwa mmoja wao, kumdhamini. Tangu hapo kila hatua aliipanda kwa yale aliyoyafanya uwanjani tu.

Tarehe 19 Januari 1862 aliwashinda watu wa Kusini huko Mill Springs, Kentucky, katika majira ya mvua na matope ambayo makamanda wengi waliyatumia kama kisingizio cha kukaa kambini. Ulikuwa mmoja wa ushindi wa kwanza wa maana kwa Kaskazini katika vita vile. Miezi michache baadaye, katika msafara wa kuelekea mji wa Corinth, Mississippi, Jenerali Henry Halleck, mkubwa wao wote wawili, alimkabidhi Thomas sehemu kubwa ya jeshi lililokuwa la Grant, akamwacha Grant akiwa msaidizi asiye na kazi. Thomas hakuiomba nafasi hiyo, tena aliirudisha mwenyewe baada ya muda mfupi, lakini si vigumu kuelewa kwa nini uhusiano wa watu hao wawili haukupata joto baadaye. Mwezi Septemba mwaka huo huo aliteuliwa kushika nafasi ya kamanda wake, Don Carlos Buell, akakataa kwa hoja kwamba si haki kumwondoa mtu aliyekwisha kupanga vita vinavyokaribia. Hapo naona alikosea. Uungwana wake uliifanya serikali iamini kwamba hataki madaraka, na Buell alipoondolewa kweli mwezi Oktoba, jeshi lilipewa William Rosecrans.

Kosa hilo lililipiwa huko Chickamauga, Georgia, tarehe 19 na 20 Septemba 1863. Siku ya pili asubuhi, Rosecrans aliambiwa kwamba kulikuwa na pengo katika safu yake. Pengo hilo halikuwapo, lakini amri aliyoitoa ili kuliziba iliondoa divisheni nzima mahali pake na kufungua pengo la kweli, dakika zile zile ambapo Jenerali James Longstreet wa Kusini alikuwa akipeleka mashambulizi mahali pale pale. Theluthi moja hivi ya jeshi la Kaskazini ilifurushwa. Rosecrans mwenyewe na makamanda wawili wa kori zake walichukuliwa na wimbi la waliokimbia hadi mji wa Chattanooga, Tennessee. Aliyebaki ni Thomas, upande wa kushoto.

Yale aliyoyafanya mchana ule hayapatani kabisa na picha ya mtu mzito. Aliwakusanya watu wa vikosi mbalimbali, wengine wakiwa wamepoteza maofisa wao, akawapanga juu ya kilima cha Snodgrass na mgongo wa ardhi ulioungana nacho. Alikuwa akihamisha brigedi kutoka upande mmoja hadi mwingine kadiri mashambulizi yalivyohama, huku risasi zikipungua hadi askari wakawa wanapekua mifuko ya waliokufa. Gordon Granger, aliyekuwa na kikosi cha akiba nyuma, alisikia mngurumo akaamua kwenda bila kuamriwa, na Thomas alimtumia pale pale alipofika, kabla maadui hawajamzunguka kwa kulia. James Garfield, ambaye baadaye alikuwa rais wa Marekani, alipeleka habari kwamba Thomas amesimama kama mwamba. Giza lilipoanza kuingia aliwaondoa watu wake kwa utaratibu. Pande zote mbili zilipoteza takriban watu 34,000 kwa siku mbili, wakihesabiwa waliouawa, waliojeruhiwa na waliotoweka. Bila kilima kile, jeshi zima la Kaskazini katika eneo lile lingeweza kupotea.

Mwezi uliofuata alipewa jeshi hilo, likiwa limezingirwa Chattanooga, askari wakila nusu ya posho yao. Alipoulizwa kama ataushikilia mji, alijibu kwamba ataushikilia hadi wafe kwa njaa. Hapa ndipo shutuma ya kuchelewa ilipopandwa, na ni muhimu kuona ilivyopandwa. Tarehe 7 Novemba 1863 Grant alimwamuru ashambulie upande wa kaskazini wa safu ya Missionary Ridge. Thomas alieleza kwamba farasi wa mizinga walikuwa wamekufa kwa maelfu kwa kukosa malisho, na kwamba waliobaki hawakuwa na nguvu ya kuuvuta mzinga hata mmoja. Grant alipendekeza watumie nyumbu na farasi wa maofisa. Mwishowe alikubali kwamba haiwezekani, lakini yaonekana hakusahau. Tarehe 25 Novemba, shambulio la Sherman, aliyependwa na Grant, lilipokwama, ni askari wa Thomas waliopanda mlima ule hadi kileleni na kulitimua jeshi la Kusini la Jenerali Braxton Bragg, wakipita mbali zaidi ya mstari walioamriwa kufikia.

Katika kampeni ya Atlanta ya mwaka 1864 jeshi la Thomas lilikuwa zaidi ya nusu ya askari 100,000 hivi waliokuwa chini ya Sherman, na ndilo lililobeba uzito wa mapambano. Hood alipopewa jeshi la Kusini, shambulio lake la kwanza, tarehe 20 Julai huko Peachtree Creek, lilimwangukia Thomas, naye akalirudisha. Baada ya Atlanta kuanguka, Sherman alichagua watu wapatao 60,000, zikiwamo kori mbili za Thomas, akaelekea baharini ambako hapakuwa na jeshi kubwa la kumzuia. Jeshi la Hood, ambalo ndilo lililokuwa adui wa kweli, aliachiwa Thomas, pamoja na vikosi vilivyotawanyika kuanzia Missouri hadi Chattanooga. Aliyekwenda kupambana na adui alikuwa yeye, na aliyepata nyimbo za sifa alikuwa mwenzake.

Tuutazame basi ule uchelewaji wa Nashville kwa makini. Tarehe 30 Novemba, Schofield alimrudisha Hood kwa hasara kubwa huko Franklin. Majenerali sita wa Kusini walikufa au walipata majeraha yaliyowaua. Hood alifika mbele ya Nashville tarehe 2 Desemba. Askari wa A. J. Smith kutoka Missouri walikuwa wanateremka melini siku hizo hizo, na wale wa James Steedman walikuwa wametoka tu Chattanooga kwa reli. Wapanda farasi wa James Wilson walikuwa takriban 12,000, lakini sehemu kubwa yao hawakuwa na farasi, hata ikabidi wanyama wachukuliwe kwa nguvu mashambani na mijini, Kentucky na Tennessee. Thomas alitaka wapanda farasi hao kwa sababu hakupanga kumsukuma Hood nyuma tu. Alipanga kumzunguka, kumvunja na kumkimbiza, na jeshi linalokimbizwa na watu wa miguu hupata nafasi ya kujipanga tena. Kisha, tarehe 8 na 9, ikanyesha mvua ya barafu iliyoifanya ardhi kuwa kama kioo, na kwa siku kadhaa mtu wala farasi hakuweza kusimama juu ya mteremko.

Grant hakuwa na nia mbaya. Kutoka City Point alikuwa na hofu kwamba Hood angempita Thomas na kwenda hadi mto Ohio, na huko Washington Rais Lincoln na waziri wake wa vita, Edwin Stanton, walikwisha kuchoshwa na majenerali waliokuwa wakijiandaa milele. Watu waliokuwa wameteswa na ugoigoi wa George McClellan, kamanda wa awali wa Kaskazini, waliweza kuudhiwa kwa urahisi. Lakini hofu ile ya Hood kumpita Thomas haikuwa na msingi, maana Hood alikuwa na watu wasiozidi 30,000, wengi wao bila viatu, na Thomas alikuwa na zaidi ya 50,000. Grant hakuona barafu ile, na kila siku ya utulivu aliisoma kama siku ya woga. Yeye mwenyewe alikuwa amekaa mbele ya mji wa Petersburg, Virginia, tangu mwezi Juni bila kuuteka.

Jioni ya tarehe 14 Thomas alituma taarifa kwamba barafu imeyeyuka na adui atashambuliwa kesho yake asubuhi. Tarehe 15, Steedman alilishika bawa la kulia la Hood, huku Smith na Wilson wakizunguka upande wa kushoto kwa mwendo mpana. Siku ya pili wapanda farasi wa Wilson walishuka, wakapigana kwa miguu na bunduki zao za kupiga risasi nyingi mfululizo, wakatokea nyuma ya mstari wa Kusini, na mstari huo ukavunjika mbele, ubavuni na nyuma kwa wakati mmoja. Mizinga zaidi ya 50 ilitekwa pamoja na maelfu ya mateka, ilhali Thomas alipoteza watu 3,000 hivi. Jeshi ambalo mwezi mmoja kabla lilikuwa na watu zaidi ya 35,000 lilibaki na chini ya 20,000 mwezi Januari, na Hood akaomba kuachia ukamanda wake. John Logan, aliyetumwa kumwondoa Thomas, alikuwa amefika Louisville. Grant alikuwa amefika Washington.

Jambo moja la siku zile mbili lisipitwe. Miongoni mwa walioshambulia upande wa Steedman walikuwamo askari weusi, wengi wao waliokuwa watumwa miaka michache tu kabla. Thomas alikuwa ameshuku kama wangeweza kupigana nje ya mahandaki. Tarehe 16, walipopanda kilima cha Overton, kikosi cha 13 pekee kilipoteza zaidi ya watu 200 kwa muda mfupi, na hata jenerali mmoja wa Kusini aliyewakabili alisifu ushujaa wao katika ripoti yake. Thomas alipita kwa farasi kati ya maiti za weusi na weupe zilizolala pamoja, akawaambia maofisa wake kwamba swali lile limekwisha. Kijana aliyekimbia mwaka 1831 alikuwa ametoka mbali. Baada ya vita, akisimamia Tennessee na majimbo jirani, aliwatumia askari wake kuwalinda walioachwa huru, na katika ripoti yake ya mwaka 1868 aliandika kwa ukali dhidi ya walioshindwa ambao walikuwa wakijaribu kuugeuza uasi wao uonekane kuwa ulikuwa kupigania uhuru na haki. Aliitambua hadithi hiyo mapema, kabla haijaota mizizi katika vitabu vya shule vya Kusini.

Mapungufu yake yalikuwapo. Katika kumkimbiza Hood, shehena ya madaraja ya kuelea ilipelekwa barabara isiyo yake kwa kosa la agizo lililotoka kwa Thomas mwenyewe, na hilo lilimsaidia Hood kuvuka mto Tennessee mwishoni mwa Desemba. Pungufu kubwa zaidi, kwa maoni yangu, ni ukimya wake. Hakuandika kumbukumbu zake, na karatasi zake binafsi ziliteketezwa. Rais Andrew Johnson alipotaka kumpa cheo cha heshima cha luteni jenerali mwaka 1868, kwa nia ya kumtumia dhidi ya Grant, alikataa akisema kwamba tangu vita viishe hajafanya la kustahili heshima hiyo, na kama ni kwa kazi ya vitani, imechelewa. Sheridan, mwanafunzi wake wa zamani, alipandishwa cheo juu yake. Alifariki San Francisco tarehe 28 Machi 1870, akiandika jibu kwa makala ya gazeti iliyoshambulia mwenendo wake wa Nashville, mara yake ya kwanza kushika kalamu kujitetea. Alizikwa Troy, New York, kwa watu wa mkewe. Sanamu yake iliyosimamishwa Washington mwaka 1879 ililipiwa na askari wake wa zamani.

Grant aliishi hadi mwaka 1885, akaandika kumbukumbu zilizosomwa kote Marekani, na humo ndimo wengi walimokuta hukumu kwamba Thomas alikuwa mzito na hafai kwa kumfuatilia adui. Lakini Grant huyo huyo, katika ripoti yake rasmi ya mwaka 1865, alipokuwa na taarifa zote mezani na matukio yakiwa bado mapya, aliandika kwamba ushindi wa Nashville ulikuwa kamili kiasi cha kukubalika kuwa uthibitisho wa busara ya Thomas. Wapanda farasi wale wale waliosubiriwa barafuni waliendelea hadi Selma, Alabama, Aprili 1865, na tarehe 10 Mei wakamkamata Jefferson Davis, rais wa Shirikisho la Kusini. Kati ya kauli mbili za Grant, ile ya mwaka 1865 ndiyo yenye ushahidi.